Sosi Isiyojua Kungoja

Viini vitatu vya mayai, siagi gramu 200, maji vijiko vitatu vikubwa, nusu limau na chumvi. Mahitaji ya sosi ya hollandaise yanaishia hapo. Haina unga, haina maziwa, wala kiungo adimu cha kuagiza ng'ambo. Hata hivyo, kati ya mapishi ya Kifaransa ambayo watu huyasoma kwa hamu kisha wakafunga kitabu na kwenda kukaanga kitu kingine, hili limo mstari wa mbele. Watu wanaiogopa. Wameambiwa inakatika, na kweli inakatika. Mimi nataka kuisifu, tena kwa sababu moja ambayo nadhani haisemwi vya kutosha: kati ya sosi kubwa za Ufaransa, hii ndiyo ambayo jiko la nyumbani lina uwezo wa kuitoa vizuri kuliko jiko la hoteli.

Sosi nyingine kubwa zilizaliwa kwenye majumba yenye wapishi wengi na kuni zisizohesabiwa. Espagnole inataka mifupa iliyookwa mpaka ikageuka kahawia, supu iliyochemka kutwa nzima, mtu wa kuondoa povu na mwingine wa kuchuja. Nani ana sufuria ya ukubwa huo nyumbani, na nani ana gesi ya kuichezea kiasi hicho? Hapo hoteli inashinda, na inastahili kushinda. Béchamel nayo ni mvumilivu. Ipike asubuhi, ipashe moto jioni, ongeza maziwa kidogo, haitakulalamikia.

Hollandaise haina uvumilivu huo. Ikipoa, siagi iliyomo inaganda. Ukiirudisha motoni, viini vinaiva na mafuta yanatoka. Ukiiacha vuguvugu kwa saa kadhaa, unafuga bakteria, maana ni mayai yasiyoiva sawasawa yaliyokaa kwenye joto wanalolipenda. Mpishi wa hoteli anayetarajia wageni 80 usiku hana budi kuipika mapema, kuihifadhi mahali penye joto la wastani na kuomba isimwaibishe. Wengine huitilia wanga ili isimame, na viwandani kuna unga wa pakiti unaokorogwa na maziwa, ambamo wanga ndio unaofanya kazi ya mkono. Mtu anayepikia watu wanne nyumbani kwake hana shida hizo. Kati ya bakuli lake na sahani zao kuna hatua sita na dakika tatu.

Jina la sosi hii linataja Uholanzi, lakini maisha yake yote yamo ndani ya vitabu vya Ufaransa. Mwaka 1651, Louis XIV akiwa bado mtoto, mpishi wa Marquis d'Uxelles aliyejulikana kwa jina la La Varenne alichapisha mjini Paris kitabu chake Le Cuisinier françois. Humo mna asparagasi za sosi nyeupe: siagi nzuri mbichi, siki kidogo, chumvi, kungumanga, na kiini cha yai cha kuishikanisha sosi. Anamalizia kwa kumwonya mpishi aangalie isikatike. Onyo hilo linanigusa kila ninapolikumbuka. Zaidi ya miaka 370 imepita, majiko yamebadilika kutoka makaa hadi gesi na umeme, na anayefundisha kuipika leo bado hana neno la kwanza la kusema zaidi ya lile la La Varenne.

Kitabu hicho kilitoka wakati ladha ya Ufaransa ilikuwa inageuka. Kwa karne nyingi sosi za matajiri wa Ulaya zilikuwa zikifanywa nzito kwa mkate uliolowekwa, na kujazwa tangawizi, mdalasini na karafuu zilizokuwa zimevuka Bahari ya Hindi kwa gharama kubwa. Kizazi cha La Varenne kilianza kuweka viungo hivyo kando na kuipa siagi nafasi, ili asparagasi isikike kuwa asparagasi na samaki awe samaki. Hollandaise ni mtoto wa mageuzi hayo. Antonin Carême, mpishi aliyefariki mwaka 1833, alipozipanga sosi za Kifaransa kwa koo hakuiweka kati ya mama zake wanne. Ilipata daraja hilo baadaye, katika majiko yaliyofuata mafundisho ya Auguste Escoffier, ambaye kitabu chake Le Guide culinaire kilitoka mwaka 1903. Katika jiko alilolipanga Escoffier, kila mpishi na kituo chake, mpishi wa sosi alikuwa miongoni mwa waliopewa heshima ya juu kabisa.

Historia inatosha. Kinachonivuta zaidi ni kinachotokea ndani ya bakuli.

Maji na mafuta hayapatani. Ukiyatikisa pamoja kwenye chupa, yataachana mara tu utakapoiweka chupa mezani. Hollandaise ni mafuta yaliyovunjwavunjwa yakawa matone madogo mno, yakatawanywa ndani ya maji kidogo, na kila tone likavishwa nguo ili lisiungane na mwenzake. Nguo hiyo inatoka kwenye kiini cha yai, ambacho karibu nusu yake ni maji na kinachobaki zaidi ni mafuta na protini. Humo mna lesithini, yenye upande mmoja unaopenda maji na mwingine unaopenda mafuta, nazo protini zake zinajibandika vivyo hivyo juu ya tone. Karibu theluthi mbili ya sosi iliyokamilika ni mafuta, na bado ulimi hauhisi grisi, kwa kuwa kinachougusa kwanza ni maji yenye limau. Uzito wake nao unatokana na msongamano: matone ni mengi kiasi kwamba hayana nafasi ya kupishana.

Aliyekulia Pwani ameshaliona jambo hili. Tui zito likitelekezwa motoni bila kukorogwa, likachemka kwa kishindo, linakatika: mafuta yanaelea, maji yanabaki chini, na katikati mabonge yasiyopendeza. Ndiyo maana anayejua kupika haondoki jikoni tui linapokaribia kuchemka. Anateka kwa upawa na kumimina, anateka na kumimina, mpaka hatari ipite. Tui nalo ni matone ya mafuta ndani ya maji, yameshikwa na protini, na moto ukizidi protini hizo zinaachia. Tofauti ni kwamba tui linatoka kwenye nazi likiwa limeshachanganyika. Hollandaise mkono wako ndio unaoichanganya, tone kwa tone, tena ukiwa umesimama juu ya moto ule ule unaoweza kuivunja.

Moto huo una mipaka miwili. Siagi inaanza kuyeyuka karibu na nyuzijoto 32, kwa hiyo ukiwa chini ya hapo huna sosi, una kitu cha kupaka mkate. Protini za kiini nazo zinaanza kushikana karibu na nyuzi 65, na ukipita 70 kwa kiasi kidogo tu, zinakaza na kuwa mayai ya kuvuruga. Maji na limau vinausogeza mpaka huo wa juu kidogo, jambo linalompa mpishi nafasi ya kupumua. Mahali pazuri pa kufanyia kazi ni kati ya nyuzi 50 na 65. Kipimajoto kinaweza kukuonyesha hilo, na simkatazi mtu kukitumia mwanzoni. Lakini wapishi waliipika sosi hii kwa karne mbili na zaidi kabla kipimajoto hakijawa kitu cha jikoni, na waliipika kwa kiganja, jicho na sikio. Namna hiyo bado ndiyo bora, kwa kuwa kipimajoto kinakwambia bakuli lilipo sasa, ilhali mkono uliozoea unakwambia linakoelekea.

Nianze na siagi, maana ndiyo ladha. Madukani kwetu neno siagi limebandikwa hata kwenye makopo ya mafuta ya mimea, kwa hiyo geuza pakiti usome: iwe imetokana na maziwa, isiwe na chumvi, na isiwe imekaa friji mpaka ikashika harufu ya vitunguu. Siagi ya Ufaransa isiyo na chumvi, kwa sheria, ina mafuta ya maziwa yasiyopungua asilimia 82 na maji yasiyozidi asilimia 16. Wafaransa wanaithamini kiasi cha kuilinda kwa jina la mahali inapotoka, kama Isigny kule Normandy au Charentes-Poitou upande wa magharibi. Huna haja ya kuifuata huko. Siagi yoyote safi ya maziwa inatosha, mradi ukiionja peke yake kwenye ncha ya kijiko uipende.

Iyeyushe kwa moto mdogo bila kuikoroga. Baada ya dakika chache inajipanga yenyewe: povu jeupe juu, mafuta ya rangi ya dhahabu katikati, na chini maji yenye weupe wa maziwa. Toa povu kwa kijiko. Anayejua kutengeneza samli atatambua mara moja yuko wapi. Samli tunaiacha motoni mpaka maji yote yaishe na masalia yabadilike rangi na kutoa ile harufu yake. Hapa tunasimama katikati ya njia. Samli yenyewe ingeweza kufanya kazi, kwa kuwa kiini hakichagui mafuta, lakini harufu yake ingetawala sahani nzima na samaki asingesikika. Yale maji meupe ya chini usiyamwage. Yana ladha ya maziwa na yatakuwa na kazi mwishoni. Siagi ikae kando ipungue joto, iwe ya moto wa kuvumilika kwa kidole.

Mayai yawe ya karibuni. Ya kienyeji yana viini vya njano iliyokolea vinavyoipa sosi rangi ya kupendeza, ila ni madogo, basi tumia vinne badala ya vitatu. Mayai ya kuku wa kisasa waliolishwa mahindi meupe hutoa sosi iliyopauka. Haipungukiwi nguvu kwa hilo, inapungukiwa rangi tu.

Sasa tafuta bakuli la chuma cha pua lenye kitako cha mviringo, waya wa kupigia mayai, na sufuria yenye maji kina cha vidole viwili. Maji hayo yafuke mvuke bila kuchemka, na bakuli likikaa juu ya sufuria lisiyaguse. Wanaofuata mtindo wa Escoffier huanza kwa kuchemsha siki kidogo na maji pamoja na pilipili manga zilizopondwa, mpaka kibaki kama kijiko kimoja, kisha huchuja na kuutumia huo ukali kama msingi. Mimi hufanya hivyo sosi ikiwa ya samaki. Kwa mboga, limau peke yake linatosha, na lina usafi ambao siki haina.

Weka viini na maji kwenye bakuli na uanze kupiga kabla hujalipeleka juu ya mvuke. Piga kwa mwendo wa namba 8, ukifika kila pembe, maana kiini kinachosahaulika ukingoni ndicho kinachoiva kwanza. Mwanzoni utaona mapovu makubwa kama ya maji ya sabuni, na utadhani umekosea. Endelea. Mapovu yanapungua ukubwa, njano inafifia na kuwa rangi ya krimu, na mchanganyiko unapanda bakulini mpaka unakaribia mara mbili ya ulivyokuwa. Kisha mkono unahisi uzito ambao haukuwapo. Tazama waya unapopita: ukiacha njia nyuma yake, na katika njia hiyo ukaona kitako cha bakuli kwa nukta moja kabla hakijafunikwa tena, viini vimefika. Wafaransa wanaliita povu hili sabayon, na naamini humu ndimo ulimo ufundi wote wa hollandaise. Watu wengi huogopa siagi kumbe mahali pa kuwa macho ni hapa.

Wakati wote huo mkono wa pili umelishika bakuli kwa kitambaa, na mara kwa mara kiganja kinagusa ubavu wake. Ukishindwa kukiacha hapo kwa kuhesabu mpaka tatu, bakuli limepata moto kupita kiasi; linyanyue, endelea kupiga hewani, lirudishe likipoa. Ukiona mvuke unatoka kwenye viini vyenyewe, usifikiri, nyanyua. Kunyanyua na kurudisha, kunyanyua na kurudisha, ndio mdundo wa kazi hii. Anayeitazama kwa mbali atadhani ni wasiwasi, kumbe ni upimaji.

Viini vikifika, toa bakuli motoni kabisa na uliweke juu ya kitambaa kibichi kilichosokotwa kama kata, ili lisizunguke. Sasa siagi. Ya kwanza iwe matone: moja, piga likapotea, jingine, piga likapotea. Kila tone linapopotea limegawanyika kuwa maelfu, na matone yaliyokwisha kugawanyika yanasaidia kuyagawanya yanayokuja, kwa kuwa wingi wake unaongeza msuguano. Ndiyo maana baada ya vijiko vitatu vinne unaweza kuongeza mwendo na kumimina uzi mwembamba usiokatika. Sikiliza pia. Mwanzoni waya unachakacha kwenye maji maji. Sosi inaposhika, sauti inazama na kuwa ya kufyonza. Uso wake unapata mng'ao wa hariri. Ukiona badala yake pete ya mafuta inang'aa ukingoni, acha kumimina mara moja, tia kijiko kimoja cha maji ya vuguvugu, na upige mpaka pete hiyo irudi ndani. Mara nyingi sosi inaomba maji, si siagi, wala haiombi nguvu zaidi.

Jambo hilo la maji linastahili kukaziwa, kwa kuwa vitabu vingi vinamwacha msomaji adhani kikomo kiko kwenye kiini. Harold McGee, Mmarekani ambaye kitabu chake On Food and Cooking kilitoka mwaka 1984, amelieleza vizuri: kiini kimoja kina uwezo wa kuvisha mafuta mengi kuliko mpishi yeyote anavyotaka kuyatia. Kinachokwisha ni nafasi. Matone yanajaa mpaka maji yaliyobaki kati yake hayatoshi kuyatenga, na hapo yanaanza kuungana. Julia Child na wenzake wawili wa Kifaransa, katika Mastering the Art of French Cooking cha mwaka 1961, waliweka kikomo cha takriban gramu 85 za siagi kwa kila kiini na wakamshauri anayeanza akae chini ya hapo. Ushauri wa busara. Gramu 200 kwa viini vitatu zinamwachia mtu nafasi ya kutosha ya kujifunza.

Siagi ikiisha, kamua limau, tia chumvi na, ukipenda, pilipili ya unga kidogo sana, kiasi cha kushikwa na vidole viwili. Ukitumia ndimu, anza na nusu ya kipimo, kwa kuwa ukali wake ni mwingine. Onja. Ikiwa nzito mno, sasa ni zamu ya yale maji meupe yaliyobaki chini ya siagi: kijiko kimoja, piga, tazama. Sosi iliyo sawa inavika mgongo wa kijiko, na ukiinua waya inateremka kama utepe, haidondoki bonge. Ikiwa na chembechembe, ipitishe kwenye chujio laini. Hakuna aibu katika chujio; jiko zuri halikosi.

Na ikikatika? Kwanza tazama imekatikaje, kwa sababu kuna ajali mbili zinazofanana kwa mbali na hazina dawa moja. Ikiwa mafuta yametoka na kuelea lakini kilichobaki ni laini, matone yameungana tu. Chukua bakuli safi, weka kijiko cha maji ya vuguvugu au kiini kipya chenye maji kidogo, kisha mimina humo sosi iliyokatika polepole huku ukipiga, kana kwamba ndiyo siagi. Itarudi. Ninavyoona, kila anayejifunza angefaa aikate moja kwa makusudi na kuirudisha, ili hofu imwishe. Lakini ikiwa kuna vipande vigumu vya yai, protini zimeshakaza na hazilegei tena. Chujio na mashine ya kusagia vitaificha aibu kidogo, ladha ya yai lililoiva itabaki. Hiyo ipe mkate wa kuchoma na uanze upya.

Kuna njia ya blenda: viini na limau ndani, siagi ya moto inamiminwa juu, mashine inazunguka, dakika moja imekwisha. Julia Child mwenyewe aliiandika katika kitabu hicho hicho, na siwezi kumbeza anayeitumia akiwa na watoto wenye njaa mezani. Sosi inayotoka ni ya kweli. Ila haina hewa, kwa kuwa viini havikupigwa juu ya mvuke vikawa povu. Ni nzito zaidi, inafanana na mayonezi ya moto. Na blenda haimwambii mtu chochote. Ikishika hujui kwa nini imeshika, ikikatika hujui kosa lilikuwa wapi. Kwa mkono unajua. Ukijua, umefunguliwa ukoo mzima wa sosi zinazotumia ufundi ule ule.

Mkubwa wa ukoo huo ni béarnaise. Badala ya maji na limau, viini vinapigwa juu ya siki na mvinyo mweupe vilivyochemshwa na vitunguu vidogo vya shaloti, pilipili manga na majani ya taragoni mpaka vikakaribia kukauka. Inasimuliwa kwamba ilianzia kwenye Pavillon Henri IV kule Saint-Germain-en-Laye, nje ya Paris, nyumba iliyofunguliwa mwaka 1836 na kupewa jina la mfalme aliyezaliwa katika nchi ya Béarn. Ni sosi ya nyama choma. Asiye na taragoni anaweza kutumia mnanaa, naye atakuwa ametengeneza paloise, ambayo nayo ina nafasi yake vitabuni na inapatana na nyama ya mbuzi mchanga vizuri sana. Ukitia juisi ya machungwa mekundu kwenye hollandaise unapata maltaise, ukitia krimu iliyopigwa unapata mousseline.

Béarnaise yenye nyanya inaitwa choron, kwa jina la Alexandre Choron, mpishi wa mgahawa wa Voisin mjini Paris. Huyu ndiye ambaye Krismasi ya mwaka 1870, jeshi la Prussia likiwa limeuzingira mji na chakula kimekwisha, aliwapikia wateja wake wanyama wa bustani ya wanyama, supu ya tembo na ngamia wa kuoka vikiwemo. Wanahistoria wanamkumbuka kwa karamu hiyo. Wapishi wanamkumbuka kwa nyanya mbili tatu zilizopondwa ndani ya béarnaise, na mimi niko upande wa wapishi.

Mahali halisi pa hollandaise ni majira ya kuchipua ya Ufaransa, kuanzia Aprili hadi mwishoni mwa Juni, asparagasi nene nyeupe zinapofika sokoni. Zinamenywa, zinachemshwa mpaka kisu kinapita bila kulazimishwa, zinakaushwa juu ya kitambaa, na sosi inamiminwa juu ya vichwa vyake tu. Mwenzake wa pili ni samaki aliyeivishwa taratibu kwenye maji yasiyochemka: samoni, sole, au turbot, samaki bapa ambaye Wafaransa wamemtengenezea sufuria ya umbo lake. Kanuni inaonekana wazi ukivitazama vyakula hivyo pamoja. Ni vyakula vya upole, vimeiva kwa maji, havina mafuta yake wala viungo vingi. Kwa kanuni hiyo hiyo, changu aliyechemshwa na chumvi na jani la mdalasini anapokea hollandaise bila ugomvi, na kambakochi anaipokea kwa furaha. Samaki wa kupaka hana nafasi nayo, kwa kuwa tayari ana tui lake, na mafuta mawili hayakai sahani moja.

Mpangilio wa meza unafuata tabia ya sosi. Kila kitu kiwe tayari kabla ya kupiga kiini cha kwanza: samaki ameiva na amefunikwa, sahani zimepashwa joto kidogo, watu wameshanawa na wameketi. Katika jambo hili mpishi ana haki ya kuwa mkali hata kwa mgeni mkubwa. Sosi ikilazimika kusubiri, isubiri juu ya maji ya vuguvugu, ikipigwa kidogo kila baada ya dakika chache, isizidi saa moja. Baada ya chakula, iliyobaki itupwe. Najua inauma kumwaga siagi. Ndiyo maana kipimo cha watu wanne kisipikwe kwa watu wawili.

Mtu akiniuliza aanze lini, nitamwambia aanze siku ya kawaida, akiwa na mtu mmoja tu wa kula naye na kifungu cha maharage mabichi ya kuchemsha, si siku ya wageni. Akose limau, aweke ndimu. Akose chuma cha pua, atumie bakuli la kioo, ila ajue kioo kinapata moto polepole na kinauacha polepole, kwa hiyo alinyanyue mapema kuliko anavyodhani. Ute wa yale mayai matatu usimwagwe. Unakaa friji siku mbili tatu ukiwa umefunikwa, na hao hao Wafaransa wana keki ndogo ziitwazo financiers zinazotaka ute mtupu, unga wa lozi, sukari, unga wa ngano kidogo, na siagi iliyoyeyushwa mpaka ikawa ya kahawia. Oveni iwe ya moto, na keki hizo zina fadhila ambayo sosi haina: zinakuwa nzuri zaidi siku ya pili.